Yule Kipara wa Munich

Mwezi uliopita nilikuwa nimeketi kwenye benchi la kinyozi wangu, Tabata, nikisubiri zamu, macho yangu yakiwa kwenye picha iliyobandikwa juu ya kioo. Ni ukurasa wa kati wa gazeti la michezo la mwaka 2012, umepauka kwa jua hata bluu ya jezi imekaribia kuwa kijivu, na kingo zake zimeshikizwa kwa selotepu iliyogeuka rangi ya chai. Didier Drogba ameinua kombe, Petr Cech yuko karibu naye, na vipande vya karatasi vinavyong'aa vinawanyeshea wote. Kijana aliyekuwa ananyolewa, ambaye kwa makadirio yangu mwaka ule alikuwa bado anabebwa mgongoni, akauliza swali jepesi kabisa: kocha wa timu ile alikuwa nani?

"Mourinho," kinyozi akajibu bila kuzima mashine.

Aliyekaa mlangoni akasema hapana, ni Ancelotti. Mwingine akamtaja Guus Hiddink, tena kwa kiapo. Mzee mmoja aliyekuja kuchonga ndevu, ambaye muda wote alikuwa kimya na gazeti lake, akainua kichwa na kusema, "Wanangu, ni yule kipara. Jina limenitoka."

Tulicheka, maana kipara kwa kinyozi si mteja, na maongezi yakahamia kwa Simba na Yanga.

Mimi jina nilikuwa nalo. Sikulitaja.

Tangu siku ile jambo hilo limekuwa likinirudia kila nikizima taa. Jina ni Roberto Di Matteo. Roman Abramovich alikuwa amelisaka kombe lile, la Ligi ya Mabingwa Ulaya, lililokuja kupatikana Munich, tangu aliponunua Chelsea mwaka 2003, akaajiri na kufukuza makocha wenye majina makubwa mmoja baada ya mwingine, na aliyekuja kumkabidhi ni mtu aliyekuwa ameishika timu kwa miezi miwili na nusu tu. Inakuwaje mtu huyo asahaulike mbele ya picha ya ushindi wake mwenyewe?

## K.n.y.

Siku zile magazeti yetu yalimwita kocha wa muda, na wengine walimwita kaimu kocha. Jina hilo la pili ndilo lililonishika. Aliyewahi kufanya kazi ofisini hapa kwetu haelezwi maana ya kukaimu: unakalia kiti, unahudhuria vikao, unasaini barua kwa K.n.y., unalaumiwa kwa kila kinachoharibika, na kibao cha mlangoni bado kina jina la mtu mwingine. Nilikaimu ukuu wa idara kwa miezi kumi na minne, katika ofisi ambayo sitaitaja, na nitalirudia hilo baadaye kwa ufupi, kwa kuwa makala hii haimhusu mkuu wa idara bali inamhusu kiungo wa Kiitaliano aliyezaliwa Uswisi.

## Kiungo

Alizaliwa Schaffhausen, kaskazini mwa Uswisi, tarehe 29 Mei 1970, kwa wazazi waliohamia huko kutoka Abruzzo. Mpira aliuanzia hapo hapo mjini kwao, akapitia Zürich, akawa bingwa wa Uswisi akiwa na Aarau mwaka 1993, na mwaka huo huo Lazio wakamchukua. Ni akiwa Lazio ndipo alipoitwa timu ya taifa ya Italia, ambayo aliichezea mechi 34 na kwenda nayo Euro 1996 na Kombe la Dunia la 1998. Chelsea walimnunua mwaka 1996 kwa pauni milioni 4.9, bei ambayo klabu hiyo ilikuwa haijawahi kuilipa kwa mchezaji yeyote.

Kwa wasiomkumbuka uwanjani, hakuwa fundi wa kuwaketisha mabeki kama Gianfranco Zola, wala hakuwa mkata umeme wa kutisha viungo wenzake. Alikuwa mtu wa kupokea na kutoa, kupokea na kutoa, mwenye shuti la mbali alilolitumia kwa uchache kama mtu anayehesabu salio la simu. Ungeweza kutazama nusu saa nzima ya mechi bila kulisikia jina lake kwa mtangazaji, halafu ukagundua kwamba mpira wote uliofika mbele ulipita kwake.

Isipokuwa fainali. Fainali alikuwa mtu mwingine.

Tarehe 17 Mei 1997, katika fainali ya Kombe la FA dhidi ya Middlesbrough, aliupata mpira katikati ya uwanja, akakimbia nao huku mabeki wakirudi nyuma badala ya kumfuata, kila mmoja akimtegea mwenzake. Alipoona hakuna anayekuja, akapiga. Mpira ulimpita kipa Ben Roberts kwa juu, ukagonga mtambaa panya kwa chini na kuzama wavuni, na saa ilikuwa haijatimiza sekunde 45. Hapakuwa na aliyewahi kufunga mapema kiasi kile katika fainali ya Kombe la FA pale Wembley, na rekodi hiyo ilidumu hadi Louis Saha alipoivunja mwaka 2009. Bao la pili siku ile lilifungwa na Eddie Newton, jina ambalo msomaji aliweke pembeni kwa sababu tutalihitaji tena. Chelsea walikuwa hawajatwaa kombe kubwa kwa miaka 26.

Mwaka uliofuata alifunga tena katika fainali ya Kombe la Ligi, tena dhidi ya Middlesbrough hao hao. Mei 2000, katika fainali ya mwisho ya Kombe la FA kabla uwanja wa zamani wa Wembley haujabomolewa, David James wa Aston Villa alishindwa kuudaka mpira wa adhabu uliopigwa na Zola, ukaanguka, na aliyekuwa amesimama pale ulipoangukia ni Di Matteo. Bao moja kwa bila.

Fainali tatu pale Wembley, na zote tatu alifunga.

Nimelitafakari sana hili la kusimama pale mpira unapoangukia. Kuna wanaoliita bahati, na kuna wanaosema ni akili. Nilipoanza kuandika makala hii nilikuwa upande wa pili. Sasa sina uhakika sana, na ndiyo maana naendelea kuandika.

## Mguu

Miezi minne baada ya bao la Villa, mwisho wa Septemba 2000, Chelsea walikwenda Uswisi kucheza na St. Gallen katika Kombe la UEFA. Katika nchi aliyozaliwa, mguu wake ulivunjika sehemu tatu. Alikuwa na umri wa miaka 30.

Yalifuata karibu miezi kumi na minane ya upasuaji na kusubiri, na Februari 2002 alitangaza kwamba hatacheza tena. Mei mwaka huo Chelsea walifika fainali ya Kombe la FA mjini Cardiff, wakampa heshima ya kuiongoza timu kuingia uwanjani. Walifungwa na Arsenal mabao mawili kwa bila. Huwa najiuliza mtu anawaza nini anapotembea mbele ya wenzake kuelekea kwenye nyasi ambazo hataruhusiwa kuzichezea, akifika kwenye mstari wa pembeni akasimama na wao wakapita.

Kwa miaka sita baada ya kustaafu hakufundisha timu yoyote. Ancelotti, kiungo mwenzake wa Italia, alistaafu mwaka 1992 na mwaka 1994 alikuwa tayari kwenye benchi la timu ya taifa akimsaidia Arrigo Sacchi katika fainali ya Kombe la Dunia. Huyu wetu hakuwa na haraka hiyo, au hakuitwa, au mguu ulikuwa bado unamuuma mahali ambapo daktari hafiki. Mimi naamini hilo la tatu, ingawa sina ushahidi wowote zaidi ya kujua jinsi watu wanavyoukwepa mtaa waliofiwa.

## West Brom

Julai 2008 alipewa MK Dons, daraja la tatu la Uingereza. Akamaliza nafasi ya tatu na kutolewa na Scunthorpe kwa penalti katika mchujo wa kupanda. Mwaka 2009 akaenda West Bromwich Albion, na katika msimu mmoja akaipandisha Ligi Kuu. Mechi yake ya kwanza ya Ligi Kuu akiwa kocha ilichezwa Stamford Bridge, Agosti 2010, dhidi ya Chelsea ya Ancelotti. Alifungwa sita bila majibu, matatu yakiwa ya Drogba. Mwezi uliofuata akashinda kwa Arsenal, tatu kwa mbili, akatajwa kocha bora wa mwezi. Februari 2011 wakamfukuza.

Kinachofuata ndicho ambacho wengi wangekikataa. Baada ya kuwa kocha mkuu katika Ligi Kuu alikubali kurudi Chelsea kama msaidizi wa André Villas-Boas, kijana aliyekuwa mdogo kwake kwa miaka saba, ambaye hakuwa amecheza mpira wa kulipwa hata siku moja. Hapa kwetu hilo lingeitwa kushushwa cheo, na ndugu wangekuja nyumbani kumpa pole.

Tarehe 3 Machi 2012 Chelsea walifungwa bao moja kwa bila ugenini. Kesho yake Villas-Boas alifukuzwa na msaidizi wake akaambiwa ashike timu hadi mwisho wa msimu.

Waliowafunga Chelsea siku hiyo ni West Brom.

Klabu iliyomtoa kazini ndiyo iliyomfungulia mlango, na msomaji avumilie, kwa sababu hawa West Brom hawajamalizana naye.

## Siku 76

Kutoka siku aliyokabidhiwa timu hadi usiku wa Munich ni siku 76. Niliandika kwenye daftari kila alichokibadilisha katika siku hizo, nikitarajia kujaza kurasa, na nikajaza nusu ukurasa. Aliwarudisha wakubwa. Usiku ambao Chelsea walifungwa tatu kwa moja na Napoli mjini Naples katika Ligi ya Mabingwa, chini ya Villas-Boas, Frank Lampard, Ashley Cole na Michael Essien walianzia benchi. Di Matteo aliwarudishia nafasi Lampard na Cole, akaishusha safu ya ulinzi ikakaa karibu na Cech mahali ambapo miguu ya John Terry ilikuwa inaweza, akamwita Eddie Newton aketi naye kwenye benchi. Wafungaji wawili wa fainali ya 1997 wakawa wanaongoza timu.

Basi. Hakuleta falsafa. Alichokifanya kwa kweli ni kuondoa moja iliyokuwepo.

Marudiano na Napoli, tarehe 14 Machi, yalikwisha nne kwa moja baada ya dakika 120. Drogba, Terry, Lampard, kisha Branislav Ivanovic katika muda wa nyongeza: ukiyasoma majina ya wafungaji unaona picha ya kikao cha wazee wa ukoo. Benfica walifungwa nyumbani na ugenini. Katika Kombe la FA, Tottenham walikula tano katika nusu fainali na Liverpool wakalala mbili kwa moja katika fainali ya tarehe 5 Mei. Kwenye ligi timu ilimaliza nafasi ya sita tu, jambo ambalo mashabiki tunapenda kuliruka tunaposimulia.

## Camp Nou, mara mbili

Usiku mmoja wiki tatu zilizopita niliitazama tena mechi ya marudiano ya nusu fainali na Barcelona, tarehe 24 Aprili 2012, kwenye simu, nikiwa nimejiinamia ili mwanga usimwamshe mtoto. Nilitaka kitu kimoja tu: kuuona mkono wa kocha.

Mara ya kwanza sikuuona. Niliiona bahati, imejaa tele. Gary Cahill anaumia dakika ya 12. Sergio Busquets anafunga. Terry anampiga goti Alexis Sánchez mgongoni, mpira ukiwa mbali kabisa, na anaonyeshwa kadi nyekundu dakika ya 37. Andrés Iniesta anafunga la pili. Timu haina beki wa kati hata mmoja wa asili, iko ugenini kwa Barcelona ya Pep Guardiola, na ina watu kumi. Halafu, mapumziko yakiwa yamebisha hodi, Lampard anapenyeza pasi, Ramires anakimbia na kumbetulia Víctor Valdés kwa juu, kwa ulaini ambao hakuwahi kuuonyesha kabla wala sikumbuki akiuonyesha tena. Kipindi cha pili Lionel Messi anapiga penalti inagonga mtambaa panya. Baadaye anagonga mwamba. Nikazima simu nikiwa na huzuni kidogo, nikijiambia kwamba waliomsahau kwa kinyozi hawakukosea sana.

Usiku uliofuata nikaitazama tena, safari hii bila kuufuata mpira.

Nilimtazama Ivanovic, ambaye alianza kama beki wa kulia, sasa akicheza beki wa kati pamoja na José Bosingwa, ambaye naye ni beki wa pembeni. Ramires, kiungo, alikuwa beki wa kulia. Drogba, mshambuliaji ghali mwenye tabia ya kulalamika, alikuwa anakaba pembeni kama mtu aliyekodishwa kwa siku hiyo tu. Dakika ya 58 kocha alimtoa Juan Mata, fundi kuliko wote waliobaki, akamwingiza Salomon Kalou wa kukimbia. Hakuna aliyenung'unika. Hakuna aliyenyoosha mikono hewani kuuliza yeye anafanya nini huko. Watu tisa wa ndani, kila mmoja akiwa mahali pasipo pake, walikuwa wakisogea pamoja kulia na kushoto kama pazia, na walifanya hivyo karibu saa nzima. Fernando Torres, aliyeingia badala ya Drogba, aliukuta uwanja mtupu mbele yake mwishoni, akamzunguka Valdés na kufunga, na Chelsea wakaenda fainali.

Bahati inaeleza mtambaa panya. Haielezi Drogba kukubali kuwa beki.

Kwa mchezaji wa aina ile, amri ya kocha mkubwa mwenye jina hugeuka kuwa mashindano ya nani zaidi. Amri ya mtu ambaye mwenyewe hajui kama atakuwa na kazi mwezi Juni haina kiburi cha kupambana nacho. Nadhani hapo ndipo nilipouona mkono niliokuwa nautafuta, na ulikuwa mkono wa kaimu.

## Munich

Tarehe 19 Mei 2012 mechi ilianza saa 3:45 usiku kwa saa zetu, na kibanda umiza cha mtaani kwetu kilikuwa kimepandisha kiingilio maradufu. Sitasimulia mechi yote, kwa kuwa kila aliyekuwa na macho aliiona. Bayern walicheza nyumbani kwao. Chelsea waliwakosa Terry, Ivanovic, Ramires na Raul Meireles, wote wakiwa wamefungiwa. Bayern walipata kona 20, Chelsea moja.

Nataka kubaki kwenye mambo mawili.

La kwanza ni Ryan Bertrand, mwenye umri wa miaka 22, beki wa kushoto ambaye hakuwa amegusa mpira wa Ligi ya Mabingwa katika maisha yake. Di Matteo alimwanzisha fainali, mbele ya Ashley Cole, ili Arjen Robben na Philipp Lahm wakute watu wawili upande wao. Kama Chelsea wangefungwa, uamuzi ule peke yake ungetosha kumzika. Kocha mwenye mkataba wa miaka mitano angemweka mtu mwenye jina ili lawama zigawanyike.

La pili ni dakika ya 84. Thomas Müller alikuwa amefunga dakika moja kabla, mpira wa kichwa uliodunda chini na kumpita Cech, na kibandani kwetu kuna watu walikuwa wameshaanza kutafuta ndala zao. Di Matteo akamtoa Kalou, akamwingiza Torres. Dakika nne baadaye Torres ndiye aliyekimbilia pembeni kulia na kuipata kona, ile moja pekee ya usiku mzima. Mata akaipiga, Drogba akajitupa nguzo ya kwanza, Manuel Neuer akaugusa kwa mkono lakini hakuuzuia. Baada ya hapo ni Cech akidaka penalti ya Robben, ni Bastian Schweinsteiger akigonga mwamba, ni Drogba akitembea peke yake kutoka katikati ya uwanja kwenda kupiga ya mwisho. Saa sita ilikuwa imeshapita. Mtu mmoja ambaye sikumjua alinikumbatia hadi kifungo cha shati langu kikang'oka.

Wachezaji walisimulia baadaye kwamba kabla ya fainali kocha aliwaita kwenye kikao, wakadhani wanakwenda kuonyeshwa video za Bayern, kumbe aliwaandalia salamu zilizorekodiwa na wake zao na watoto wao. Katika yote niliyoyasoma kumhusu, hili ndilo linalomfanana kuliko lolote. Mbinu walikuwa nazo. Aliwapa kitu kingine.

## Kuthibitishwa

Alisubiri hadi tarehe 13 Juni ndipo akapewa mkataba wa miaka miwili. Karibu mwezi mzima bingwa wa Ulaya hakuwa na uhakika wa ajira, na kama hilo halikumwambia msomaji jinsi mwajiri alivyomtazama, basi hakuna kitakachomwambia.

Halafu wakambadilishia kazi. Drogba aliondoka kwenda China, Kalou na Bosingwa nao wakaondoka, wakaja Eden Hazard na Oscar, na sasa ilitakiwa timu ya kupendeza, yenye pasi fupi na vijana. Alijaribu, na kwa miezi miwili alifaulu: alishinda mechi saba kati ya nane za mwanzo za ligi na kuongoza msimamo. Kisha wakaja Manchester United na kuondoka na ushindi wa tatu kwa mbili, timu ikaanza kuyumba, na tarehe 17 Novemba wakafungwa mbili kwa moja.

Na West Brom, naam.

Siku tatu baadaye, mjini Turin, alimweka benchi Torres, mshambuliaji aliyenunuliwa kwa pauni milioni 50, akafungwa tatu bila na Juventus. Asubuhi ya tarehe 21 Novemba alikuwa ameshafukuzwa, miezi sita na siku mbili baada ya Munich, timu ikiwa ya tatu kwenye ligi.

Hapa ndipo niliahidi kuirudia idara yangu. Nilipokuwa nakaimu kazi zilikwenda, kwa sababu nilikuwa nauliza kila mtu anachojua na kumwacha akifanye. Nilipothibitishwa, na kibao kikabadilishwa, nikaanza kuonyesha kwamba mimi ni mkuu: nikahamisha meza, nikabadilisha fomu, nikaanzisha kikao cha kila Jumatatu ambacho hata mimi nilikichukia. Baada ya miezi saba niliomba uhamisho mwenyewe. Kosa halikuwa la ofisi. Lilikuwa langu, na ndiyo sababu, nadhani, nilinyamaza kwa kinyozi. Kulitaja jina lile ilikuwa kama kujitaja.

## Shaka

Kwa wiki mbili nilidhani makala imekwisha hapo: kuna watu ambao kipaji chao ni kukaimu, na ukiwathibitisha unawaua. Nilifurahia nadharia hiyo kwa sababu ilinitetea na mimi. Kisha nikakumbuka Schalke ya Ujerumani na Aston Villa.

Schalke walimchukua Oktoba 2014. Mwezi uliofuata Chelsea walikwenda Gelsenkirchen na kumchapa tano bila, Drogba akifunga moja. Lakini Machi 2015, akiwa amefungwa mbili bila nyumbani, alikwenda Bernabéu kwa Real Madrid, mabingwa watetezi, na kushinda nne kwa tatu. Alitolewa kwa bao moja. Kwenye benchi la Madrid alikaa Ancelotti yule yule wa siku ile ya mabao sita kwa bila. Hakuwa kaimu pale Schalke, na bado usiku ule timu yake ilicheza kama isiyo na cha kupoteza. Mei akaondoka, timu ikiwa ya sita.

Villa, klabu aliyoifunga mwaka 2000, walimwajiri Juni 2016 awarudishe Ligi Kuu. Mechi kumi na moja za ligi, ushindi mmoja. Oktoba wakamfukuza. Pale hakuwa na Terry wala Lampard wa kuwarudisha, alikuwa na timu iliyovunjika ikihitaji mtu wa kuijenga upya tangu msingi, na haikujengeka. Tangu hapo hajawa kocha mkuu wa timu yoyote, ingawa aliwahi kuwa mshauri wa ufundi wa Jeonbuk Hyundai Motors huko Korea Kusini.

Kwa hiyo nadharia yangu ina tundu. Labda alikuwa kocha wa kawaida aliyekutana na kikosi kisicho cha kawaida katika majira yake ya mwisho. Thomas Tuchel naye alikuja Chelsea katikati ya msimu, Januari 2021, akichukua nafasi ya Lampard, akatwaa kombe lile lile tarehe 29 Mei, ambayo ilikuwa siku ya kuzaliwa ya Di Matteo, na naye akafukuzwa Septemba 2022. Tuchel hasahauliki, kwa kuwa alikuwa mtu kabla na ameendelea kuwa mtu baada ya hapo. Sisi mashabiki hatumkumbuki kocha kwa alichoshinda. Tunamkumbuka kwa kurudia, na mwenye moja tunamtilia shaka, hata kama hiyo moja ndiyo kubwa kuliko zote. Nikimlinganisha na yule kiungo wa fainali tatu, ambaye mpira ulimkuta amesimama panapostahili mara ya kwanza, ya pili na ya tatu, inakuwa vigumu kwangu kusema kwamba Munich ilikuwa bahati tupu. Vigumu, lakini si haiwezekani.

## Selotepu

Jumamosi iliyopita nilirudi kunyoa. Yule mzee hakuwepo. Nilimwambia kinyozi jina, akalirudia taratibu, "Di Matteo," akatikisa kichwa na kusema, "Ee, kweli bwana, yule!"

Nikasimama nikaisogelea picha. Upande wa kulia, pale ukurasa ulipokunjwa na selotepu kupitishwa juu yake, kunaonekana bega la koti jeusi na kipande cha sikio. Huenda ni yeye. Huenda ni mlinzi wa uwanja. Nikaweka ukucha kwenye ncha ya selotepu nijaribu kuiinua kidogo.

"Kaka, acha," kinyozi akasema. "Ukiibandua hiyo picha yote inachanika."

Nikaketi, akanifunga shuka shingoni.